Nchi wa Bi Somoe

Katika miaka yangu yote ya kazi, mtu niliyemwonea wivu kuliko wote hakuwa mkuu wangu wa idara, wala wenzangu waliokuwa wakipelekwa kozi huku mimi nikibaki kukagua ngoma stoo. Alikuwa mama wa Chilangala, mkulima wa korosho na muhogo, asiyejua kusoma wala kuandika jina lake. Naliweka hili mwanzoni ili mjue mnasoma maneno ya mtu wa namna gani.

Ninyi vijana wa ofisi ya utamaduni hapa Newala mmeniomba niandike tulivyokuwa tukifanya kazi zamani. Mmeniletea daftari jipya na kalamu tatu, kana kwamba nitakufa kabla ya kumaliza ya kwanza. Ahsanteni. Kuhusu vyeo na mishahara sina la kusema. Vyote vimo kwenye jalada langu, na jalada lenyewe limepotea mara mbili. Nitaandika kuhusu kazi, na hasa kuhusu kile kichekesho cha televisheni mnachowaonyesha wageni kwenye simu zenu mkisema, "Huyu hapa ndiye mama yetu Mama Grace, mmemwona?" Mimi huwa natabasamu, kisha naenda kuchungulia kama maji yamechemka.

Nilianzia Masasi, nikitokea kufundisha shule ya msingi, ndiyo maana watu wa rika langu bado huniita Mwalimu. Mimi ni Mmakua, nimezaliwa Chidya, binti wa katekista. Nyumbani kwetu Kiswahili kilikuwa cha misheni, cha kusomwa kwa sauti, na mtoto akikosea ngeli mezani baba aliacha kula mpaka ajisahihishe. Tulikuwa watoto wanane, kwa hiyo baba alikuwa mwembamba sana.

Siku ya kwanza kazini niliripoti nikiwa nimevaa viatu vya kuchuchumia. Mzee Lukasi, aliyekuwa ofisa utamaduni na mtu wa kustaafu wakati wowote, alivitazama, akanipa ufunguo wa stoo. Ndani nilikuta ngoma kumi na moja, saba kati yake zimeliwa ngozi na panya, redio kaseti moja ya kurekodia, na karabai mbili za mafuta ya taa. "Hii ndiyo idara," akasema. "Panya nao ni wa idara, ila hawajathibitishwa kazini."

Mzee Lukasi alinifundisha mambo mawili. La kwanza, ukifika kijijini kurekodi, usiitoe redio kaseti kabla hujala chakula cha watu. La pili, maneno ya mtu yaandike kama alivyoyasema. "Usimsahihishe," alisema. "Wewe si padri wake." La kwanza nililishika mpaka nikastaafu, na mwili wangu ni shahidi. La pili nililivunja mara moja tu, tena kwa makusudi, na ndilo ninaloliandikia.

Baada ya miaka michache nikahamishiwa Newala. Siku hizo maji yalipandishwa kichwani kutoka bondeni, na ofisini ndoo ya kunawia ilifungiwa kabatini pamoja na muhuri. Kwa sababu ya mwandiko wangu mzuri nikawa naazimwa na kila ofisi. Nikaandika kumbukumbu za vikao vya afya, vya barabara, vya nzige wasiofika. Ndipo siku moja nikapelekwa Chilangala kuandika kwenye baraza la kata.

Mwenyekiti wa baraza siku hiyo alikuwa mgeni, mtu wa mbali aliyehamia mwezi uleule. Tulikuwa tumefika shauri la nne akasimama mama mmoja mwembamba, mrefu, kama miaka kumi zaidi yangu, kanga imefungwa sawasawa. Ndiye Bi Somoe. Akasema kwa sauti ya kutosha, "Waheshimiwa, jirani zangu wameiba nchi."

Mwenyekiti akaweka kalamu chini. "Wameiba nchi?"

"Wameiba."

"Mama, hilo ni neno zito. Una ushahidi?"

"Ninao. Jana nchi ulikuwa uani kwangu. Leo haupo."

"Sema haipo," mwenyekiti akamrekebisha. "Nchi haipo."

"Ee, ndiyo," Bi Somoe akakubali, akifurahi kwamba ameeleweka. "Haupo kabisa."

"Sasa ni nchi gani hiyo mama, maana hapa sote tumo ndani yake?"

"Nchi wangu wa kutwangia."

Kwa msomaji ambaye si wa kwetu nieleze kidogo. Wamakonde wa huku juu, m ikikutana na konsonanti, wengi huitamka n. Mtoto anakuwa ntoto, mkono unakuwa nkono, mchana unakuwa nchana. Na mchi, ule mti wa kutwangia kinuni, unakuwa nchi. Sisi tuliozoea hatusikii kitu. Lakini mgeni yule alikuwa ameshaanza kufikiria polisi wa mkoa.

Watu walivunjika mbavu. Mwenyekiti naye alipoelewa alicheka mpaka akafuta macho, akaahirisha kikao. Bi Somoe alibaki amesimama, mikono mbele, akitusubiri tumalize ili aendelee. Hatukumaliza. Watu walikusanya viti wakaondoka. Katika kumbukumbu niliandika kwamba shauri la wizi halikujadiliwa kwa kukosa muda, nikatia sahihi.

Siku tatu zilizofuata nilitakiwa kuandika taarifa ya robo mwaka. Nikaandika kichekesho. Nilikiita "Nchi Imeibwa". Bi Kulaga anapiga yowe kwamba nchi imeibwa, balozi wa nyumba kumi anamkimbilia mwenyekiti wa kijiji, mwenyekiti anawatoa mgambo wakalinde mipaka, na mwishoni mchi unakutwa nyumbani kwa mwenyekiti mwenyewe, mkewe anautumia kuzuia mlango. Mimi nilicheza Bi Kulaga. Wengine walikuwa walimu, karani mmoja wa ushirika na dereva wa halmashauri. Mgambo namba mbili alikuwa na kazi ya kupanda jukwaani kila baada ya robo saa kupampu karabai. Watazamaji waliamini ni sehemu ya mchezo, wakawa wanampigia makofi kuliko sisi.

Tulikicheza miaka. Siku za wakulima, siku za walimu, mapokezi ya viongozi, kote Masasi na Newala. Nilipotoa yowe lile, "Wameiba nchi!", ukumbi wote uliangua kicheko. Hakuna Mmakonde aliyenuna, maana Wamakua na Wamakonde ni watani, na mtani ana ruhusa. Lakini utani una adabu yake. Mtani anakuja msibani kwako anachukua kuku wako mbele ya macho yako, anakimbia naye huku unamwona. Mimi nilichukua neno la Bi Somoe nikiwa nimejificha nyuma ya daftari la kata. Nililijua hilo. Halikuninyima usingizi, sitawadanganya.

Kisha ikaja televisheni. Miaka ile ilikuwa bado ngeni Bara, na huku kwetu mawimbi yake hayakufika kabisa. Tuliisikia tu kwa waliotoka Dar es Salaam. Watu wanne walikuja na gari moja kutafuta michezo ya jukwaani ya kurekodi. Mkuu wao alikuwa kijana mfupi mwenye kapelo, Bwana Abeli, anayeongea polepole kama muuguzi. Alikiona kichekesho chetu Masasi, ukumbi umejaa. Tulipomaliza akanifuata nyuma ya pazia. "Mwalimu," akasema, "hii lazima iende hewani."

Kesho yake tulipanda gari lao kuja Newala. Nilikaa mbele, kioo nimekishusha chote. Tulipopita Chiungutwa nilimpungia mkono hata mtu nisiyemjua aliyekuwa anaziba pancha ya baiskeli. Naye akapunga, na kiraka mkononi.

Bwana Abeli alitaka uani pa kweli, si jukwaa. Nilimwonyesha nyumba tatu, akazikataa. Tukazunguka mpaka Chilangala, na huko akaona ua umefagiwa, kinu kikubwa kimeegeshwa kivulini, kuku wanatembea kama wamepangwa. Akasimamisha gari. Nami nikaomba isiwe ile nyumba, lakini ndiyo ile. Bi Somoe akatoka akijifuta mikono. Nilikuwa nimetangulia mbele ya wageni wangu, ila Bwana Abeli alinipita akaenda kumpa yeye shikamoo.

"Marahaba, baba. Karibuni," akasema Bi Somoe, akatuletea mikeka. Akakubali kutuazima ua, kinu na mchi, huu wa pili, maana ule wa kwanza haukuonekana tena.

Wakafunga kamera juu ya miguu mitatu. Kinasa sauti walikifunga kwenye mwanzi, kijana mmoja akaushika juu ya kichwa changu. Nikapewa ishara. Nikatoa yowe langu ambalo Masasi nzima inalijua. Hakuna aliyecheka. Uani kulikuwa na Bwana Abeli, mafundi wake watatu na kuku. Nikadhani mitambo haijawashwa, nikalirudia kwa nguvu zaidi.

Bwana Abeli akaniita nijione kwenye kiskrini chao, kidogo kama sanduku la chaki. Niliona uso wangu ukijitahidi. Mashavu yalikuwa yanafanya kazi, macho yalikuwa yanafanya kazi, hata pua haikupumzika. "Mwalimu," akaniambia kwa upole wake ule, "wewe unamfikia mtu aliyekaa kiti cha mwisho ukumbini. Lakini kwenye televisheni mtu wa mwisho amekaa hapa." Akaweka kiganja mbele ya pua yangu.

Ndipo tukasikia sauti ya Bi Somoe kutoka upande wa jikoni. "Jamani, nikumbusheni kuuchukua nchi wangu nkimaliza. Nina muhogo wa kutwanga."

Kijana wa mwanzi aliangua kicheko mpaka kinasa sauti kikagusa kinu. Bwana Abeli akageuka taratibu. Akamwomba Bi Somoe aje asimame pale nilipokuwa nimesimama mimi, aseme tena. Akasema tena. Nikamtazama kwenye kiskrini. Hakufanya kitu chochote kwa uso wake. Alikuwa tu mama anayetaka mchi wake urudi, na ilikuwa haiwezekani kuacha kumtazama.

"Huyu ndiye Bi Kulaga," akasema Bwana Abeli.

Tuelewane hapa, vijana wangu. Mwenzako akipandishwa cheo, unaumwa siku mbili unapona. Wivu huu haukuwa wa kupona. Nilimwonea wivu uso wake, ua wake, hata kuku wake waliojua pa kupita. Zaidi nilimwonea wivu ulimi ule. Mimi nilikuwa nimeufanyia mazoezi miaka mbele ya kioo, na yeye alikuwa nao bure, amezaliwa nao, anautumia kuombea muhogo.

Bwana Abeli alikuwa na kazi nyingine Mtwara. Akasema watarudi baada ya siku kumi. "Hajui kusoma, kwa hiyo wewe utamfundisha maneno kwa mdomo," akaniambia. "Nani anayajua kuliko wewe?" Alisema hivyo kunifariji. Hakujua amempa kisu nani.

Nikawa nakwenda Chilangala kila asubuhi. Siku ya kwanza nilimsimulia mchezo wote tangu yowe mpaka mwisho. Alisikiliza akimenya muhogo. Kisha akasema, "Mwalimu, nchezo huu mbona kama mambo yangu ya barazani?"

"Mambo hayo huwapata wengi, mama," nikasema.

Akaendelea kumenya. "Siku ile hawakunisikia. Walicheka tu, wakaondoka. Nilirudi nyumbani nikatwanga kwa nchi wa kuazima." Akaniinulia macho. "Safari hii nataka wanisikie vizuri. Watu wa Dar wao wanasemaje?"

Hapo ndipo nilipotakiwa kumwambia, mama, sema kama unavyosema, dunia nzima inakuhitaji hivyo hivyo ulivyo. Mzee Lukasi angesema hivyo akiwa usingizini. Mimi nikampaka mafuta kwa mgongo wa chupa. "Watu wa Dar wanasema mchi," nikamwambia. "Na wewe una sauti nzuri mno, itakuwa aibu wakikucheka kwa herufi moja tu."

"Ntoto nasema sawa? Nkono?"

"Hayo yaache, hayana neno. Hili moja tu."

Nililijua vizuri nililokuwa nalifanya. Mchezo wote ulisimama juu ya herufi ile. Ukiiondoa, unabaki na mama aliyeibiwa mchi, jambo linalotokea kila wiki na halichekeshi mtu. Mchezo ukifa, Bwana Abeli atamtafuta tena aliyeucheza Masasi.

Ilimwia vigumu. Alisema, "N-mchi." Alisema, "Nmuchi." Nikamwambia afunge midomo kama anayezuia maji yasimwagike, kwanza afunge, ndipo aseme. Siku ya tatu akagundua njia yake mwenyewe. Alisimama kinuni, akawa anainua mti ule midomo imefungwa, mmm, na ukishuka anasema chi. Mmm, chi. Mmm, chi. Alitwanga muhogo wa siku nne kwa asubuhi moja. Jirani walikuja kuuliza kuna harusi gani. Siku ya tano neno likatoka safi, safi kuliko langu. Hata hapo nilimwonea wivu, kwa jinsi alivyojua kujifunza.

Siku ya mwisho alinifungia ming'oko kwenye jani, ile mizizi ya porini ambayo mwenye kuichimba hujipinda mgongo. "Hakuna ntu aliyewahi kukaa na mimi hivi kunifundisha kitu," akasema. "Mungu akulipe." Niliila njiani yote. Ilikuwa mitamu.

Wakarudi. Siku ya kurekodi nusu ya Chilangala ilikuwa nyuma ya kamba. Walianza kumrekodi akitwanga tu, bila maneno, Bwana Abeli anapendelea mambo kama hayo. Kisha ikaja zamu ya yowe. Bi Somoe akatoka ndani, akatazama pale ambapo mchi haukuwapo, akaweka mikono kichwani. Aliweka hivyo hivyo tu, na watu wa nyuma ya kamba wakanyamaza. Akafunga midomo. Akasema, "Wameiba mchi! Jamani, mchi wangu!"

Kijana wa mwanzi akamtazama Bwana Abeli. "Kata," akasema Bwana Abeli. "Mama, umesemaje?"

"Mchi," akasema Bi Somoe kwa fahari.

"Sema kama siku ile."

"Siku ile nilikosea. Mwalimu amenifundisha."

Bwana Abeli akageuka kwangu. Nikainua mabega. "Yeye mwenyewe aliniuliza watu wa Dar wanasemaje," nikasema, na huo haukuwa uongo. Mwovu mwenye Kiswahili fasaha hana haja ya kusema uongo.

Akambembeleza. Akamweleza kwamba kuchekesha ndiyo kazi yenyewe. Bi Somoe akamsikiliza mpaka mwisho, kama alivyotusikiliza siku ile ya baraza. "Baba," akasema, "hapa kijijini nimechekwa, inatosha. Sitachekwa na nchi nzima." Na hapo alisema nchi, ile nchi yenyewe, na wala hakuna aliyecheka, maana alikuwa amepatia.

Walijaribu mara saba. Jua lilikuwa linapanda, na gari lilikuwa na safari ya Dar es Salaam. Kabla ya mara ya nane, mtu mmoja tu angeweza kumwambia akasikia: mimi. Nilitakiwa kusema maneno machache: mama, nilikufundisha vibaya kwa sababu nakuonea wivu. Nilisimama pale nikiangalia vidole vya miguu yangu.

"Basi Mwalimu," Bwana Abeli akasema kwa uchovu, "vaa kanga uingie wewe. Ila usifanye kitu kwa uso."

Nikaingia. Sikufanya kitu kwa uso. Niliiba hata hilo kutoka kwake: nikatazama pale alipotazama, nikaweka mikono kama alivyoweka. Kijana wa mwanzi alicheka. Nyuma ya kamba walicheka. Bi Somoe alikuwa ndani anachemsha maji ya chai ya wageni, hakusikia kitu.

Miezi ikapita. Kwa kuwa mawimbi hayakufika kwetu, walitutumia mkanda wa video. Tukautazama Jumamosi mchana, ukumbini, jenereta imewekwa nje na wazee wamewekwa mbele. Bi Somoe alikuja na wanawe na wajukuu, amevaa doti mpya. Nikamwamkia, akaja kukaa kiti cha pembeni yangu, akanishika mkono.

Mchezo ulianza kwa yeye kutwanga. Dakika nzima, bila neno, mikono inapanda na kushuka, vumbi la unga linaelea kwenye mwanga wa asubuhi. Jina lake halikuandikwa popote. Ukumbi ulitulia kwa namna ambayo kwangu haujawahi kutulia, na mtoto mmoja akasema, "Bibi!" Nilikuwa nimempokonya mchezo wote, bado niliionea wivu dakika ile moja. Hata leo, mnapowaonyesha wageni kwenye simu, nawaona wanavyotulia hapo, ndipo wanapoanza kucheka nikitokea mimi.

Nikatokea. "Wameiba nchi!" nikapiga yowe, na ukumbi ukalipuka. Walicheka, wakapiga makofi, wengine wakainuka kunitafuta nilipokaa. Ndicho nilichokitaka. Nikageuka, kwa mazoea ya jukwaani, kupokea.

Bi Somoe hakuwa anacheka. Alikuwa ananitazama, na mkono wangu bado uko mkononi mwake.

"Mwalimu," akasema kwa sauti ya chini. "Mbona wewe umesema nchi?"

Nilisoma Kiswahili tangu mezani kwa baba yangu, nimekifundisha, nimekiandikia wakubwa hotuba. Nikapata maneno mawili. "Ndivyo walivyotaka," nikasema.

Akarudisha macho kwenye televisheni. Akaitazama, mimi nikiwa mle ndani nimeweka mikono kichwani, watu wakicheka. Kisha akaachia mkono wangu, taratibu, kama mtu anayerudisha kitu alichoazima.

"Kumbe walikuwa wanautaka ule wa kwangu," akasema.

Hakusema lingine, siku ile wala baadaye. Hakunisema kwa mtu. Yuko hai, mzee sana sasa, na mwezi uliopita nilikwenda kumwambia kwamba nimestaafu na kwamba nataka kuandika haya. Nilimwamkia, akaitikia, akamwita mjukuu aniletee nkeka. Akaniambia miguu inamsumbua nchana, na kwamba ntoto wake wa mwisho ameoa. Nikamweleza yote niliyowaandikia ninyi, tangu daftari la kata mpaka ming'oko. Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akamgeukia mjukuu, akamwambia akatwange muhogo wa mgeni. Na alipofika kwenye neno lile akafunga midomo yake isiyo na meno, akazuia maji yasimwagike, akalitamka kama nilivyomfundisha: "Chukua mchi."